Mezani pa jamaa: Kama sisi wote tuko upande mmoja, tutamupiga nani?

Mwezi huu sitaongea juu ya masomo wala juu ya mishahara. Nataka kuongea juu ya mchezo wa mezani, tena mchezo wa kuogopesha. Najua kuna wazazi watakaogeuza ukurasa mara moja. Ninyi hasa njo nawaomba mngoje kidogo, kwa maana habari hii haikuanza kwa mchezo. Ilianza kwa mtoto.

Nyumbani kwangu tunaishi na mtoto wa ndugu yangu marehemu. Ana miaka 11. Tangu baba yake alipokufa anasema kidogo, analala vibaya, na usiku mwingine anaamka na kutembea ndani ya nyumba. Mnajua wenyewe, katika mitaa yetu ya wafanyakazi maneno ya namna hiyo yanatembea mbio kuliko mtoto mwenyewe. Mama mmoja wa jirani alimuuliza bibi yangu pale bombani: "Ule mutoto, munaikala naye tu hivi, bila kuogopa?" Hakutamka neno bulozi. Haikuwa lazima alitamke.

Basi, siku moja ya posho, mangaribi, umeme ulikatika. Watoto wakawasha mshumaa, wakaita wenzao wa jirani, wakaanza mchezo waliojifunza kwa vijana wengine. Wengi wenu mnaujua. Watu wanakaa kwa mviringo. Kila mtu anapokea kikaratasi kwa siri. Vikaratasi viwili vinasema "mbwa-mwitu", vingine vyote vinasema "mwanakijiji". Usiku wa mchezo wote wanafumba macho, mbwa-mwitu wawili wanafumbua, wanachagua mtu wa kuua. Asubuhi wote wanaamka, wanaongea, wanashitakiana, halafu wanapiga kura. Aliyepata kura nyingi anatolewa, na kikaratasi chake kinageuzwa kusudi wote waone alikuwa nani.

Kwa asili si mchezo mubaya. Ulizaliwa Moscow mwaka 1986. Aliyeutunga ni Dimitry Davidoff, na jina lake la kwanza lilikuwa Mafia. Mwaka 1997 Andrew Plotkin wa Marekani akabadilisha majambazi, akaweka watu wanaogeuka mbwa-mwitu usiku, sawa vile wazee wetu wanasimulia habari za watu-simba. Mwaka 2001 Wafaransa wakatoa karata zake kwa jina la kijiji cha kutungwa, Thiercelieux. Katika nyumba nyingi watu wanaucheza, wanadanganyana, wanacheka, wanaenda kulala salama.

Kwetu hakukuwa kicheko. Mara ya kwanza kura zote zilimwangukia yule mtoto. Kikaratasi kikageuzwa: mwanakijiji. Mara ya pili, yeye tena. Mwanakijiji. Mara ya tatu binti yangu mukubwa, ambaye ana miaka 16 na ambaye nilimzaa mimi, alisema: "Ni yeye. Muone, anaangaria chini." Mtoto hakujitetea. Alisimama, akaenda kulala bila kula.

Mimi nilikuwa kwenye kiti changu, nasikiliza radio ndogo ya mawe. Nilikuwa nimeona yote tangu kura ya kwanza. Nilinyamaza kwa sababu nilijiambia ni mchezo tu.

Sisi wakubwa tunajua mambo haya yanafika wapi. Sheria ya nchi yetu ya tarehe 10 Januari 2009, ile ya kulinda mtoto, inakataza kabisa kumshitaki mtoto kwamba ni mulozi, na anayefanya hivyo anaweza kufungwa. Lakini sheria iko Kinshasa, na maneno yako bombani. Mtoto anayezoea kuchaguliwa katika mchezo, na wenzake wanaozoea kumchagua, wote wanajifunza kitu. Usiku ule nilipata shida kulala.

Sasa tuje kwenye sanduku. Mudogo wa bibi yangu anaishi Ubelgiji. Alipokuja kwa likizo ya Noeli alileta mchezo mmoja unaoitwa Horrified. Nilipoona kifuniko chake nilitaka kuuficha juu ya kabati, nyuma ya masanduku. Kuna Dracula na meno yake. Kuna jitu la Frankenstein na bibi-arusi wake. Kuna maiti iliyofungwa vitambaa ya Misri, kuna mtu-mbwa-mwitu, kuna mtu asiyeonekana, na kuna kiumbe kimoja cha majini chenye magamba. Nilimwambia: "Shemeji, sisi tuko na yetu ya kutuogopesha, na weye unatuletea ya Bulaya?"

Akacheka. Akaniambia: "Yaya, pima kwanza. Humu hakuna mutu mwenye kushitakiwa."

Neno lile lilinishika. Siku ya posho iliyofuata tulifungua sanduku: mimi, binti yangu, kijana wangu wa miaka 13, na yule mtoto. Bibi yangu alikaa pembeni akichagua maharagi, akasema yeye anaangalia tu. Binti akasoma buku ya sheria na kututafsiria. Aliposoma kwamba wachezaji wote wanashinda pamoja ao wanashindwa pamoja, kijana wangu akashangaa: "Sasa kama shiye bote tuko upande moja, tutamupiga nani?"

Ni ulizo nzuri. Sisi tumezoea ludo, dame, karata, kisolo: wewe unashinda, mimi nashindwa, ao kinyume chake. Lakini kuna aina nyingine, na si ya jana. Mwaka 1987 Mmarekani Richard Launius alitoa mchezo Arkham Horror, ambamo wachezaji wote wanasaidiana kufunga milango ambayo majitu yanapita. Mwaka 2008 Matt Leacock akatoa Pandemic, ambamo wachezaji ni waganga na wachunguzi wanaokimbia dunia nzima kuzuia magonjwa manne. Horrified ulitoka mwaka 2019 katika nyumba ya Ravensburger ya Ujerumani, na njo mwepesi kwa wanaoanza. Kwenye sanduku wameandika kuanzia miaka 10, na wanaweza kucheza watu watano, hata mtu mmoja peke yake.

Nitawaeleza namna unavyokwenda. Katikati ya meza kuna kibao kinachoonyesha kijiji: soko la vitu, kanisa, hospitali, makaburi, nyumba kubwa, mto unapita. Njia zinaunganisha fasi hizo. Kila mchezaji ni shujaa mmoja, na kila shujaa ana hesabu yake ya kazi anazoweza kufanya akifikiwa na zamu. Meya, kwa mfano, ana kazi tano lakini hana uwezo mwingine wa pekee. Mpeleka-barua ana nne, lakini kwa kazi moja anaweza kurukia fasi yoyote alipo mwenzake. Kazi zenyewe ni rahisi: kutembea hatua moja, kuokota vitu vilivyo pale ulipo, kugawana vitu na mwenzako kama mko fasi moja, kumwongoza mwanakijiji aliyepotea mpaka fasi yake ya usalama. Ukimfikisha unapata karata ya zawadi yenye kusaidia.

Vitu ni vidude vidogo vya rangi tatu, nyekundu, buluu na manjano, na kila kimoja kina hesabu ya nguvu juu yake. Vyote vinawekwa wazi mbele ya mwenyewe. Shikeni hilo, nitalirudia.

Baada ya zamu ya kila shujaa yanakuja majitu. Unafunua karata moja. Karata inaleta vitu vipya kijijini, inaeleza jambo linalotokea, halafu inasema ni majitu gani yanatembea, hatua ngapi, na yanapiga kwa vijiwe vingapi. Jitu linamfuata mtu aliye karibu zaidi, shujaa ao mwanakijiji. Likimfikia, unatupa vijiwe sawa vile vya ku ludo. Upande mmoja wa kijiwe ni pigo, mwingine ni alama ya uwezo wa pekee wa jitu lile, mwingine hauna kitu. Shujaa akipigwa anaweza kujikinga kwa kutupa kitu kimoja kwa kila pigo. Kama hana kitu, anapelekwa hospitali, na alama ya hofu ya kijiji inapanda kwa moja. Mwanakijiji akiuawa, hofu inapanda pia. Ikifika 7, wote mmeshindwa. Na karata za majitu zikiisha kabla hamjamaliza kazi, mmeshindwa vilevile. Kwa hiyo hamuwezi kujificha na kungoja.

Kila jitu lina namna yake ya kushindwa. Kwa mara ya kwanza buku inashauri kuchukua mawili: Dracula na kile kiumbe cha majini. Dracula ana majeneza manne yaliyofichwa fasi nne. Kuvunja jeneza moja unahitaji kufika palepale na vitu vyekundu ambavyo nguvu zake zikijumlishwa zinafika 6 ao zaidi. Yote manne yakivunjika, sasa njo unaweza kumwendea mwenyewe, safari hii na vitu vya manjano vya kufika 6. Kiumbe cha majini kinatafutwa kwa mashua ndogo inayosogea kadiri mnavyotoa vitu, mpaka mfike maficho yake. Ukiisha kuzoea unaongeza jitu la tatu, hata la nne. Sisi bado hatujathubutu la nne.

Mara ya kwanza tulishindwa vibaya sana, na kosa lilikuwa langu.

Mimi kazini naongoza watu kumi na wawili. Nimezoea kusema, "weye enda pale, weye beba kile". Nilipoona kibao kile nilisahau kama niko nyumbani. Zamu ya binti: "Enda makaburini." Zamu ya kijana: "Hapana, acha, okota ile nyekundu." Zamu ya yule mtoto: nilishika kisanamu chake kwa mkono wangu mwenyewe nikakisogeza. Nilicheza watu wanne peke yangu. Baada ya nusu saa kijana alikuwa analala juu ya meza, na binti akaniambia: "Papa, ni shiye tuko nacheza ao ni weye njo unacheza?" Bibi yangu, kutoka kwenye maharagi yake, akasema: "Ni sawa vile siku zote."

Nilikasirika kidogo, siwezi kuficha. Lakini hofu ilikuwa imefika 7 kwa amri zangu mwenyewe, na mtu anayeshindwa na jitu la kartoni hana mengi ya kujitetea. Kumbe ugonjwa huu unajulikana. Watu wa Ulaya na Marekani wanaocheza michezo hii wanaulalamikia sana: mmoja anayejua zaidi, ao anayejiona anajua zaidi, anaamua kwa wote, na wengine wanabaki mikono ya kusogeza visanamu.

Tukafanya sheria zetu za nyumba. Mwenye zamu njo anasema wa kwanza: "Nawaza kufanya hivi." Wengine wanaweza kumshauri, lakini kuanzia mudogo kwenda mukubwa, na baba anasema wa mwisho. Hakuna mtu anayegusa kisanamu cha mwenzake. Na mwenye zamu akiisha kuamua, hata kama anakosea, tunafuata. Ya mwisho hii ilikuwa ngumu kwangu kuliko zote. Mara mbili bibi yangu alinipiga mguu chini ya meza.

Posho iliyofuata tulicheza tena. Binti alikuwa amefika makaburini, pale penye jeneza la tatu, na vitu vyekundu vya nguvu 4. Vilipungua 2. Dracula alikuwa hatua mbili nyuma yake. Mimi nilikuwa nimejaa kichwani: akimbie, aache jeneza, aende kanisani. Lakini zamu ilikuwa ya yule mtoto, naye ndiye Mpeleka-barua. Akaangalia kibao muda mrefu. Kijana akaanza kupumua kwa nguvu kama mtu mwenye haraka. Mimi nikauma ulimi.

Kisha mtoto akasema, na sauti yake haikuwa kubwa: "Nawaza kuruka kwa dada." Akatumia kazi moja kwa kuruka mpaka makaburini. Kwa kazi ya pili akampa binti kitu chake chekundu. Kilikuwa na nguvu 3.

Binti akapaza sauti: "Weye ulikuwa na kile? Tangu lini?"

"Tangu mwanzo," akajibu. "Hakuna mutu aliniuliza."

Mnakumbuka nilisema vitu vyote vinakaa wazi mezani. Kile kitu kilikuwa mbele ya macho yetu, rangi yake nyekundu, hesabu yake juu, kwa robo tatu ya saa.

Tukafunua karata ya majitu. Dracula akaja mpaka pale pale makaburini, kwa vijiwe viwili. Mshumaa ulikuwa unatikisika, na nawaambia ukweli, niliogopa. Kijana akatupa. Vyote viwili vikaanguka upande usio na kitu. Zamu ya binti ilipofika, alijumlisha 4 na 3 na kuvunja jeneza. Watoto walipiga kelele mpaka jirani akagonga ukuta.

Usiku ule hatukushinda. Karata ziliisha na jeneza moja lilibaki. Lakini mtoto alikula, tena akauliza tutacheza lini tena.

Sasa nijibu wale wanaouliza kama jambo hili linafaa katika nyumba ya Mkristo. Mama mmoja wa jumuiya yetu alinijia na maneno mawili. La kwanza, vijiwe: askari walipigia kura vazi la Bwana, na mabaharia walipiga kura wakampata Yona. Nilimwambia, mama, hata ludo ya watoto wako iko na kijiwe. Tena hapa kijiwe hakimtafuti mwenye kosa. Kinasema tu kama pigo limefika ao halikufika. La pili, akasema, kuita majina ya pepo nyumbani si vizuri. Hapo nilikaa naye vizuri zaidi, kwa sababu hofu yake si ya kuchekwa. Nilimweleza kwamba majitu haya yana baba na mama wa kuwatunga. Dracula ni wa kitabu cha Bram Stoker, mtu wa Ireland, kilichotoka mwaka 1897. Jitu la Frankenstein ni la kitabu cha mwaka 1818. Mwandishi, Mary Shelley, alikuwa binti Mwingereza aliyeanza kukiandika akiwa na miaka 18. Halafu kampuni ya sinema ya Universal, kule Marekani, ikawatia katika filamu, hao wawili wote mwaka 1931, na wengine wakafuata mpaka kile kiumbe cha majini mwaka 1954. Hakuna mtu anayewaomba wala kuwatolea kitu. Ni hadithi, sawa na zimwi la bibi zetu karibu na moto.

Hakukubali yote. Alikubali kwamba ni tofauti na vile alivyofikiri, na mimi nikamkubalia mambo mengine. Mtoto mudogo anayelia usiku, msimweke mezani mbele ya picha zile. Miaka 10 ile ya kwenye sanduku iheshimiwe. Nyumba yenye kilio, mchezo ungoje. Na jitu lisipewe hata siku moja jina la mtu wa mtaani. Kijana wangu alijaribu kumwita Dracula kwa jina la mwalimu wake wa hesabu. Nilikataa, na nilikataa mara ya kwanza, sikungoja ya tatu.

Ule mchezo mwingine, wa mbwa-mwitu, sijaukataza kwa vijana wote. Ninasema hivi tu: nyumba yenye mtoto ambaye watu wanamnong'ona, ule mchezo usiingie. Hata kwa kicheko. Anayejua hali ya watoto walioko njo anayepaswa kuusimamisha, na kama ni wewe mkubwa uko pale na radio yako, ni wewe.

Mtaniambia: sanduku la Ulaya tutalipata wapi? Ni kweli, duka la hapa kwetu sijaliona nalo. Lakini sisi tumejitengenezea mmoja wa kartoni kwa watoto wa jirani, na unakwenda vizuri. Chukueni kartoni moja. Chora njia ya hatua 10 kutoka porini mpaka kijijini, na milango minne ya kijiji. Jitu ni kifuniko cha chupa, linaanza porini. Ndani ya mufuko weka maharagi ya rangi tatu, kila rangi 12. Kila mchezaji kwa zamu yake ana kazi mbili. Anaweza kuchota haragi moja bila kuangalia, ao kumpa mwenzake haragi moja, ao kufunga mlango mmoja kwa kutoa maharagi matatu ya rangi moja. Mkononi hakuna mtu kushika zaidi ya manne; la tano linarudi mufukoni. Maharagi yanawekwa wazi mbele ya kila mtu. Ukiisha kazi mbili unatupa kijiwe cha ludo: 1 na 2, jitu linalala, 3, 4 na 5, linasogea hatua moja, 6, hatua mbili. Milango yote minne ikifungwa kabla jitu halijafika, wote wameshinda. Likifika kwanza, wote wamekwisha. Watu wanne wanatosha. Kama mnashinda kila siku, punguzeni njia iwe hatua 8.

Huo wa kartoni ni mtoto wetu aliyeuchora. Milango aliipa majina, mmoja aliuandika "Kwa Baba", na sikumuuliza.

Bado usiku mwingine anaamka na kutembea. Mganga wa dispansari anasema ni ya huzuni, itapungua polepole. Binti yangu sasa akimsikia anaamka pia, wanakaa wote wawili jikoni kidogo. Kuhusu ile posho ya kura tatu alimwomba msamaha. Alifanya hivyo bila mimi kumwambia, na mimi mwenyewe nilichukua majuma mawili zaidi kabla ya kufanya vilevile.

Hesabu yetu ya sanduku, kwa wanaotaka kujua: Dracula na kiumbe cha majini, tumecheza mara saba, tumeshinda mara tatu. Na mtu-mbwa-mwitu juu yake, mara mbili, na mara zote mbili hofu ilifika 7 kabla ya sisi kupata pumzi. Anayejua njia njema atuandikie.

Juzi yule mama wa bombani alimtuma mutoto wake kuazima kibao cha kartoni. Nilimwambia mtoto: kibao kiko, lakini mama aje mwenyewe, tutamfundisha sheria, kiti kiko. Hajakuja bado. Posho hii tutawasha taa mapema.